Nani Aliyeipata Königsberg?

Hoja: Wenyeji wa pwani waliowaongoza wapelelezi wa Kiingereza ndani ya mikoko ya Rufiji mwaka 1915 wawekewe kibao cha kumbukumbu Forodhani, Mji Mkongwe, mbele ya bandari ilimozamishwa manowari Pegasus.

MWONGOZA WATALII: Hoja ni yangu, basi naanza. Wageni ninaowavusha kwenda kisiwa cha Chapwani hutazama popo na paa, kisha husimama makaburini. Pale wamezikwa mabaharia Waingereza wa Pegasus waliouawa alfajiri ya tarehe 20 Septemba 1914. Meli yao ilikuwa imetia nanga hapa bandarini, mitambo imefunguliwa kwa matengenezo, ndipo Königsberg ya Wajerumani ilipotokeza na kuipiga kutoka umbali ambao mizinga ya Pegasus haikuufikia. Waliokufa walizidi thelathini. Mgeni huniuliza: hiyo Königsberg iliishia wapi? Namwambia ilijificha katika delta ya mto Rufiji zaidi ya miezi tisa, mpaka Waingereza walipomtuma mwindaji wa tembo kutoka Afrika Kusini, Piet Pretorius, akavuka kutoka Mafia, akaingia kwa siri upande wa adui, akaiona meli, akapima kina cha maji, akarudi na habari. Tarehe 11 Julai 1915 Königsberg ikaangamia. Hapo mgeni humstaajabia Pretorius, nami roho huniuma, kwa sababu najua hakuingia peke yake. Alionyeshwa njia na watu wa mle mle. Hao sina pa kumwonyesha mgeni. Hawana kaburi Chapwani, hawana mtaa, hawana jiwe. Nataka wawe na kibao.

MWALIMU WA HISTORIA: Kiseme nini? Ahsanteni kwa kumsaidia mkoloni mmoja kumzamisha mkoloni mwenziwe? Katika bandari hiyo hiyo, tarehe 27 Agosti 1896, manowari za Kiingereza ziliipiga kasri ya Sayyid Khalid bin Barghash kwa muda usiofika saa moja. Watu wapatao 500 wa upande wa Sultani waliuawa au kujeruhiwa, na meli yake, Glasgow, ikazama pale pale. Kutoka 1896 hadi 1914 ni miaka kumi na minane. Mtoto aliyeiona Glasgow ikizama alikuwa mtu mzima Pegasus ilipozama. Unadhani siku ile aliona msiba, au aliona zamu yao imefika? Leo unataka tusimame mbele ya maji hayo tuwasifu watu walioliwezesha jeshi lile lile la majini kulipa kisasi chake. Sisemi wasahauliwe. Nasema wasikumbukwe kwa kazi hiyo, wala si hapa.

NAHODHA MSTAAFU: Ngojeni kwanza tuzungumze maji. Nyumba za Mji Mkongwe zimebebwa na boriti. Boriti hizo ni mikoko, na nyingi zilikatwa Rufiji, zikapakiwa majahazini, nyingine zikashushwa Unguja, nyingine zikaenda zake Arabuni na Ghuba. Kwa hiyo Rufiji haikuwa nchi ngeni kwa mabaharia wa visiwani. Lakini kuifika si kuijua. Mto ule hauna mlango mmoja: kuna Simba Uranga, kuna Kikunja, kuna Kiomboni, na mingine, na kila mlango una mafungu yake, na fungu la mchanga halikai pahala pamoja mwaka hata mwaka. Chombo kikiingia na bamvua kikakosea mkondo, maji yakipwa kitalala juu ya tope kikingojea bamvua ya pili. Mle ndani mtu huingia na pondo mkononi na bildi karibu, na bora zaidi huingia na mtu wa mle.

Sasa Waingereza walikuwa na manowari mbili, Severn na Mersey. Ziliundwa kwa ajili ya Brazil, kwa kazi ya mitoni, chini bapa, zinaelea katika maji yasiyofika mita mbili. Hata hizo zisingethubutu kuingia bila ya kuambiwa mkondo gani una maji, kiasi gani, na wakati gani wa kujaa na kupwa. Pretorius alikuwa mtu wa bara, mtu wa pembe. Nyayo alizijua, bunduki aliijua. Lakini kukaa ndani ya mtumbwi ukipima mkondo kwa pondo, siku baada ya siku, ukisoma maji, huku askari wa Kijerumani wamechimba mahandaki yao mikokoni, hiyo ni elimu ya wenyewe. Mimi, Mwalimu, sina haja ya kumshukuru mtu kwa niaba ya Mwingereza. Nataka iandikwe kwamba elimu ile ilikuwa ya watu wa pwani, si ya yule aliyepewa nishani.

MWALIMU WA HISTORIA: Elimu iliyotumika kwa faida ya nani?

NAHODHA MSTAAFU: Hilo ni swali la pili. La kwanza ni la nani.

MWANAFUNZI WA SHERIA: Mimi naona kati ya hayo mawili kuna moja limerukwa. Elimu ilikuwa yao, Nahodha, silipingi. Je, hiari nayo ilikuwa yao? Pretorius aliacha kumbukumbu zake, kitabu kilichotoka 1947, miaka miwili baada ya kufa kwake. Humo anasimulia bila ya kuona haya kwamba wenyeji wa kwanza waliomfikisha mahali pa kuiona meli aliwakamata. Hakuwaomba, hakuwaajiri. Mtu aliyekamatwa na wenye bunduki akaambiwa "tuonyeshe", huyo tumwite nani? Mkataba wa The Hague wa 1907 ulikataza kumlazimisha raia wa upande wa adui kushiriki shughuli za vita dhidi ya nchi yake, na walioutia sahihi ni hao hao waliokuwa wakipigana Rufiji. Kibao kikiandikwa "kwa ushujaa wao", kitakuwa kimelichukua kosa walilotendewa na kuligeuza sifa.

MWONGOZA WATALII: Si wote waliokamatwa. Katika masimulizi hayo hayo yumo mzee ambaye mwanawe alikuwa akifanya kazi ndani ya Königsberg. Pretorius anasema alivaa kama mfanyabiashara wa Kiarabu, wakaenda na yule mzee hadi melini na kuku wa kuuza, na kwa njia hiyo wakapata habari za mizinga na za torpedo kutoka kwa mwana. Hebu mfikirie huyo mzee. Pretorius akikamatwa, ni askari wa vita hivyo, na nyuma yake kuna serikali itakayouliza habari zake. Mzee akikamatwa hana serikali yoyote. Mkataba wako, binti, uliandika kwamba jasusi asiuawe bila ya kuhukumiwa. Nani angemfungulia kesi muuza kuku katika mikoko ya Rufiji? Alilijua hilo, akaenda. Kama huo si ushujaa, nambieni ushujaa ni nini.

MWANAFUNZI WA SHERIA: Na mwana?

MWONGOZA WATALII: Mwana yupi?

MWANAFUNZI WA SHERIA: Huyo huyo. Umemsifu mzee, mwana umempita. Mzee alirudi ufukweni, mwana kazi yake ilikuwa melini. Tarehe 6 Julai Severn na Mersey zilipoanza kufyatua, ndege ikizunguka juu kuwaambia wapigaji makombora yanaangukia wapi, na tarehe 11 ziliporudi kumaliza, yale makombora hayakuwa na macho ya kumtambua mtoto wa mtu. Kitabu kinamtaja kwa sababu ya habari alizotoa. Baada ya hapo hana kazi tena katika hadithi. Hiki ndicho kinachonitisha katika simulizi za ujasiri nyuma ya safu za adui: kila mwenyeji anaingia akiwa na manufaa na anatoka manufaa yakiisha. Wewe nawe unataka kibao kifanye hivyo hivyo, kimkumbuke kwa kile alichompa Mwingereza.

NAHODHA MSTAAFU: Maneno mazito hayo.

MWANAFUNZI WA SHERIA: Tena sijafika mwisho. Habari hizi tumezipata kwa nani? Kwa msimulizi mwenyewe. Wapelelezi wa vita ile walikuwa wasimulizi hodari wa nafsi zao. Mkuu wa upelelezi wa Waingereza Afrika Mashariki, Richard Meinertzhagen, alisifiwa miaka mingi kwa shajara zake, hadi wachunguzi walipoonyesha kwamba ndani yake mna mambo ya kubuni, na kwamba hata vielelezo vya ndege alivyotoa kwa makumbusho vingine alikuwa ameviiba. Simwekei Pretorius dhambi ya mwenziwe. Nasema tu kwamba jiwe likishachongwa halina tena "inasemekana".

MWONGOZA WATALII: Basi tuache kitabu cha Pretorius kabisa, tuangalie yasiyomtegemea. Oktoba 1914 mabaharia wa manowari Chatham walipekua meli ya Kijerumani, Präsident, iliyokuwa Lindi, wakakuta karatasi za makaa yaliyopelekwa Rufiji. Hiyo ilikuwa dalili. Uhakika ukapatikana waliposhuka pwani ya delta na kuwauliza wanakijiji. Huyo ndiye aliyeipata Königsberg: mtu aliyesimama ufukweni kwake akaulizwa, miezi kabla Pretorius hajafika. Tena Severn na Mersey ziliingia kweli na zikatoka kweli. Maji yalikuwa yamepimwa. Hayo hayahitaji shahidi mmoja mwenye kujisifu.

MWALIMU WA HISTORIA: Na baada ya kuzama kwake, nini? Hapa ndipo hadithi ya ujasiri hukatishwa, na mimi nataka iendelee. Nahodha wa Königsberg, Max Looff, aliilipua meli yake mwenyewe. Wajerumani wakaitoa mizinga yake yote kumi, ikakokotwa hadi nchi kavu na mikono ya watu weusi, ikatengenezewa magurudumu, ikapigana upande wa jemadari wao, von Lettow-Vorbeck, karibu kila pembe ya Tanganyika. Mmoja uko Fort Jesus, Mombasa, karibu na mzinga wa Pegasus, maana hata mizinga ya Pegasus Waingereza waliizamua wakaitumia tena. Meli mbili zilikufa, mizinga ikaendelea kuua, na aliyekuwa akiivuta ni yule yule mwanakijiji. Pretorius naye akapanda cheo, akawa skauti mkuu wa Jenerali Smuts wa upande wa Waingereza. Ujuzi ule ule wa kuingia kwanza na kuuliza njia ukaliingiza jeshi zima. Januari 1917 vita vikafika Rufiji kwa miguu. Jeshi lile halikuja na chakula cha kutosha. Lilikula cha waliolionyesha njia.

Na wapagazi! Wanahistoria wengi wanakadiria kwamba wapagazi waliokufa upande wa Waingereza peke yao walizidi 95,000, wengi wao kwa kuhara, kwa malaria, kwa njaa na uchovu. Unguja nayo ilitoa wapagazi. Ukitaka kibao Forodhani, hao ndio wenye haki nacho. Kwa nini unamchukua mmoja aliyekaa ndani ya mtumbwi na Mzungu, ukawaacha maelfu waliokufa na mzigo kichwani? Kwa sababu hadithi ya mtumbwi ni tamu. Ina siri, ina kujificha, ina usiku. Mpagazi hana kitu cha kumvutia mtalii.

MWONGOZA WATALII: Mwalimu, hapo umenionea. Wapagazi wana kumbukumbu. Dar es Salaam sanamu ya askari imesimama tangu 1927, nyingine Nairobi, nyingine Mombasa, na soko kubwa la Kariakoo limechukua jina lao. Ni kidogo, lakini kipo cha kuanzia. Waongozaji hawana hata hicho. Tazama aliyekipata: Frederick Selous, mwindaji mwingine, Mwingereza, aliyeingia jeshini katika vita hivi, aliuawa Beho Beho Januari 1917, na pori zima likabeba jina lake. Karibu karne nzima. Ni mwaka 2019 tu sehemu kubwa ya pori lile ilipofanywa Hifadhi ya Taifa ya Nyerere. Wawindaji wa Kizungu walikwenda mle wakiongozwa na watu wanaojua nyayo na visima. Jina likabaki la mwindaji. Unaponiambia ninyamaze mpaka nipate watu wasafi wa kukumbuka, nafasi haikai tupu. Inajazwa na Pretorius na Selous, kila siku, kwa ulimi wangu mwenyewe, kwa sababu ndiyo majina pekee niliyopewa.

MWALIMU WA HISTORIA: Sikusema unyamaze. Nimesema usiwape heshima ya kazi iliyomnufaisha mtawala.

NAHODHA MSTAAFU: Mwalimu, wewe ni mtu wa vitabu, nisaidie hili. Mwaka 1905 vita vya Maji Maji vilianza wapi?

MWALIMU WA HISTORIA: Umatumbi, kusini kidogo ya Rufiji.

NAHODHA MSTAAFU: Na Kinjikitile Ngwale, mganga wa vita hivyo, alinyongwa wapi?

MWALIMU WA HISTORIA: Mohoro.

NAHODHA MSTAAFU: Mohoro, Rufiji ile ile. Wajerumani wakachoma mashamba na maghala, na waliokufa hadi 1907, wengi wao kwa njaa, wanahesabiwa kuanzia 75,000 hadi 300,000. Mtu wa miaka thelathini aliyekutana na Pretorius mwaka 1915 alikuwa na miaka ishirini wakati huo. Huenda alizika baba, huenda alizika mke. Sasa wewe wamwona mtumishi wa Mwingereza, binti yangu hapa amwona mateka. Kwa nini hakuna anayemwona mtu mwenye deni lake la kudai? Mjerumani alikuwa amemkosea Pretorius, alimnyang'anya ardhi yake, na kila kitabu kinasema ndiyo maana akakubali kazi ile. Mzungu tunampa sababu. Mrufiji hatumpi. Yeye ama kanunuliwa ama kashurutishwa.

MWANAFUNZI WA SHERIA: Nahodha, hilo limenigusa, na sitalipinga kwa haraka. Ila kumpa sababu ambayo hakuitamka nako ni kumvisha nguo. Labda alikuwa na kisasi. Labda alikuwa na njaa, na Waingereza walikuwa na fedha. Labda alimwogopa mwenye bunduki aliyekuwa karibu zaidi. Watu wa delta walikuwa baina ya mioto miwili: ukimficha Mwingereza, Mjerumani yuko jirani, ukimtaja, Mwingereza atarudi kesho. Tena walikuwapo waliochagua upande wa pili kwa sababu zao. Habari kwamba kuna manowari bandarini Zanzibar ilimfikia Looff kule Rufiji. Askari waliomlinda mikokoni wengi walikuwa Waafrika. Wako vibarua waliovikokota vyuma vya mitambo ya Königsberg hadi Dar es Salaam vikatengenezwe, wakavirudisha. Hao nao walijua maji, walijua njia, walihatarisha maisha. Kosa lao ni kwamba aliyewatumia alishindwa. Bwana Mwongozaji, wataandikwa katika kibao chako?

MWONGOZA WATALII: Hoja yangu ni ya waliowaongoza Waingereza.

MWANAFUNZI WA SHERIA: Kwa nini hao tu?

MWONGOZA WATALII: Kwa sababu kibao kiko Forodhani, na mkasa wa Forodhani ni wa Pegasus.

MWANAFUNZI WA SHERIA: Kwa hiyo mshindi ndiye aliyechagua nani akumbukwe, na sisi tunatia sahihi tu.

MWALIMU WA HISTORIA: Sasa nami nitasema nilichokuwa nakizuia. Tuko Unguja. Hapa neno kibaraka halijatoka midomoni mwa watu. Baada ya Mapinduzi ya tarehe 12 Januari 1964 serikali ya Uingereza iliandaa mipango ya kuleta jeshi kisiwani. Mmoja uliitwa Parthenon, ikaja mingine baada yake. Manowari na wanajeshi waliwekwa tayari. Haukutekelezwa hata mmoja, na Aprili ukaja Muungano. Lakini tuseme ungetekelezwa. Tuseme makomando wangeshuka usiku, Mangapwani au Fumba. Nani angewaonyesha njia ya kuingilia mjini? Angepatikana mtu. Sikuzote hupatikana. Angekuwa na sababu zake, Nahodha, sababu kubwa labda kuliko za Mrufiji wako. Ukoo mmoja ungemwita mkombozi, ukoo mwingine ungemwita msaliti, na watoto wa koo zote mbili ninao darasani mwangu, dawati moja. Nijibu wewe mwenye hoja: huyo naye ungemwekea kibao?

MWONGOZA WATALII: Huyo hakuwapo.

MWALIMU WA HISTORIA: Ndiyo maana unaweza kunijibu. Hana mjukuu wa kukukasirikia. Nijibu.

MWONGOZA WATALII: Nisingemwekea. Si leo.

MWALIMU WA HISTORIA: Basi unakubali kwamba kumwongoza mgeni mwenye silaha ndani ya nchi yako si jambo la kusifiwa lenyewe kwa lenyewe. Linategemea aliyeletwa ni nani na amekuja kufanya nini. Ukiisha kukubali hivyo, nionyeshe Waingereza wa 1915 walikuja kufanya nini Rufiji kilicho bora. Walimtoa Mjerumani wakakaa wao, zaidi ya miaka arubaini.

NAHODHA MSTAAFU: Mwalimu, unamhukumu mtu wa 1915 kwa miaka arubaini ambayo hakuiona. Mimi nimefika Maskati kwa jamaa zangu waliohamia huko, na huko nimesikia vita vya Dhofar vikisimuliwa. Makomando wa Kiingereza, SAS, walifika mara baada ya Sayyid Qaboos kushika nchi mwaka 1970. Hawakuwa wengi. Waliounda vikosi vya firqa walikuwa watu wa milima ile ile, na wengine walikuwa wapiganaji wa upinzani waliojisalimisha. Wale hawakuijua historia itakavyokwenda. Waliijua milima, walijua wake zao wamelala wapi usiku huo. Mpelelezi wa kigeni huja na ramani na mpango, akimaliza huondoka. Mwenyeji hufanya hesabu ya mahali atakapolala akiisha kuondoka yule. Hesabu hiyo ndiyo ninayotaka iheshimiwe, hata ikitoka vibaya.

MWANAFUNZI WA SHERIA: Lakini watu wa firqa walikuwa na vikosi vyao, walikuwa na mshahara, walikuwa na viongozi waliosema wanataka nini ili wapigane. Kuna aliyeketi nao akajadiliana. Nakuomba usiwaweke sawa na mtu aliyeshikwa mikokoni. Na Mwalimu nawe, nina neno nawe. Kwa kanuni yako, Mwafrika anayestahili kukumbukwa ni yule aliyempiga kila mkoloni kwa wakati mmoja. Ukiisha kumtaja Kinjikitile unabaki na wangapi? Wengi wa babu zetu walimsaidia mmoja, wakamkwepa mwingine, wakaishi. Historia isiyo na nafasi yao ni historia ya watu wachache sana.

MWALIMU WA HISTORIA: Nafasi wanayo. Nawafundisha. Darasani nina dakika arubaini za kueleza kukamatwa, kisasi, njaa, fedha, yote uliyoyataja. Kibao kina mistari minne. Katika mistari minne utaweka lipi?

MWONGOZA WATALII: Nitaweka hivi: mwaka 1915 watu wa Rufiji waliwapitisha wapelelezi wa Kiingereza katika mito yao. Wengine walikamatwa, wengine walikwenda kwa hiari. Maji waliyapima wao. Basi. Neno shujaa naliondoa, binti, nimelisikia lako. Neno ahsante silitii.

MWANAFUNZI WA SHERIA: Na waliomtumikia Mjerumani?

MWONGOZA WATALII: Mstari wa tano. Waandikwe.

MWALIMU WA HISTORIA: Sasa imekuwa hoja nyingine kabisa, na nakiri ni bora kuliko ile uliyokuja nayo. Ila mahali bado napapinga. Forodhani ni mahali pa Pegasus na pa Glasgow. Watu unaowazungumza hawakukanyaga Forodhani. Kwa nini wakumbukwe mbele ya mgeni anayekula pweza na urojo, wasikumbukwe Salale, ambako wajukuu wao wanavua kamba hadi leo?

NAHODHA MSTAAFU: Hapo nami nasimama na Mwalimu. Tumekaa Unguja tunawagawia Warufiji heshima bila ya kuwapigia hodi. Katika nyumba za kule huenda habari hii inasimuliwa kwa fahari. Huenda inafichwa. Huenda yule mzee wa kuku analaaniwa na ukoo wake hadi kesho kwa ajili ya mwanawe. Waulizwe wao kwanza.

MWONGOZA WATALII: Na wakisema hawataki?

NAHODHA MSTAAFU: Basi hakuna kibao.

MWONGOZA WATALII: Nahodha, mgeni wangu atakuwa Chapwani kesho asubuhi. Ataniuliza nani aliyeipata Königsberg. Nimjibu Pretorius?

MWANAFUNZI WA SHERIA: Mjibu kwamba waliojua ilipo hawakuwa wameipoteza.

MWALIMU WA HISTORIA: Jibu zuri kwa mgeni. Mwanafunzi wangu atauliza swali la pili: na walipoulizwa, kwa nini walisema? Hilo hamjanijibu nyote watatu, na mpaka nijibiwe, kura yangu ni hapana.